Max, Rosalie au Cunégonde? Kuchagua vichekesho bubu vya Ufaransa kuhusu tabu za nyumbani

Ukiuliza uanzie wapi kutazama vichekesho bubu vya Ufaransa vya kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, jibu la haraka huwa ni Max Linder, mwigizaji aliyecheza mhusika mstaarabu aitwaye Max. Kwa anayetaka kuijua sinema ya vichekesho kwa jumla, jibu hilo halina kasoro. Lakini kwa anayetafuta tabu za nyumbani hasa, kama bomba lisilofika chumbani, godoro lisilolalika, kodi iliyochelewa na jirani wa chini anayevujiwa na maji, tunashauri njia nyingine. Anza na filamu fupi za Alice Guy, mwongozaji wa kampuni ya Gaumont, kisha nenda kwa wanawake wa kazi, yaani wahusika Rosalie na Cunégonde, halafu ndipo uje kwa Max. Max anaishi ndani ya nyumba. Hawa wengine wanaifanyia kazi. Anayebeba godoro ngazini na anayelaumiwa sahani zikianguka anaijua nyumba kwa namna ambayo bwana wake haijui, na ujuzi huo unaonekana ndani ya vituko vyenyewe.

Mzizi wa yote ni L'Arroseur arrosé ya Louis Lumière, iliyoonyeshwa Paris tarehe 28 Desemba 1895. Mtunza bustani anamwagilia kwa mpira, kijana anaukanyaga, maji yanakatika, mtunza bustani anachungulia mdomo wa mpira, kijana anaondoa mguu. Haifiki dakika moja. Miaka 5 baadaye Georges Méliès alitoa Le Déshabillage impossible: mtu anataka tu kuvua nguo alale, na kila anapovua moja nyingine inamrukia mwilini. Hapo kamera ilisimamishwa, mwigizaji akavishwa, kisha ikaendelea kupiga picha. Hizi mbili zitazame kama mlango, kwa sababu katika miaka ya 1906 hadi 1914, ambayo ndiyo tunailinganisha hapa, kampuni za Pathé, Gaumont, Éclair, Lux na nyingine zilichukua wazo hilohilo la kifaa kinachomgomea mtu na kulipeleka jikoni, chumbani na kwenye ngazi.

Ngazi hizo zinahitaji maelezo kidogo, maana asiyeijua Paris ya wakati ule hupitwa na nusu ya kichekesho. Watu wengi waliishi katika majengo ya ghorofa tano au sita yenye ngazi moja ya pamoja. Chini alikaa mlinzi wa jengo aliyejua nani kaingia na nani kadaiwa. Vyumba vya kupanga vya bei nafuu mara nyingi havikuwa na maji ndani. Bomba lilikuwa nje kwenye ngazi, la kutumiwa na wote. Watumishi walilala juu kabisa, chini ya paa, na wengi wao walitoka mashambani. Kwa hiyo jambo lolote la siri lililohitaji maji lilibidi lipite mbele ya macho ya majirani, na chochote kilichomwagika juu kilishuka kwa mtu mwingine.

Godoro la Alice Guy na beseni la Max

Ukitaka kuona tofauti ya shule hizi mbili kwa haraka, weka filamu mbili pamoja: Le Matelas épileptique (Gaumont, 1906, huitwa pia Le Matelas alcoolique) na Max prend un bain (Pathé, 1910). Zote mbili zinachukua kitu cha faragha cha nyumbani na kukipeleka hadharani.

Katika ya kwanza, mke na mume wana godoro lililochoka. Fundi magodoro, mwanamume aliyevaa kike, analipeleka uwanjani, analifumua, kisha anaacha kazi kwenda kunywa kidogo. Mlevi anapita, anaona sufu laini, anajilaza ndani na kusinzia. Fundi anarudi, anashona godoro, anajitwika. Kuanzia hapo godoro linapiga mateke, linateleza, linamwangusha kwenye ngazi na njiani, naye hajui kwa nini. Mwishowe linafika kitandani, na wenye nyumba wanajilaza juu yake. Filamu ina karibu dakika 10, ndefu kwa wakati ule, na sehemu kubwa yake ni ubebaji tu. Hapo ndipo ubora wake ulipo. Alice Guy haharakishi. Anauacha uzito wa godoro uonekane: namna linavyokunjika katikati, namna bega linavyochoka, namna mtu anavyolazimika kulishusha na kulipandisha tena. Mtazamaji anajua kilichomo, fundi hajui. Kicheko kinatoka kwenye kutojua huko, na kinaongezeka kwa kuwa fundi anaendelea na kazi yake kwa uaminifu.

Katika ya pili, daktari anamwandikia Max bafu la maji baridi. Max ananunua beseni kubwa la kuogea na kulifikisha nyumbani kwa shida. Chumbani hakuna maji. Anajaribu kuchota kidogo kidogo kutoka bomba la ngazini, anaona hesabu haiwezekani, basi anafanya jambo la akili kabisa: analihamishia beseni kwenye bomba, analijaza, anavua nguo na kuingia. Majirani wanatokea. Polisi wanaitwa, naye anabebwa akiwa ndani ya beseni. Anatoroka akiwa amejifunika beseni mgongoni na kupanda ukuta wa jengo. (Kwa kupanda huko, ukuta umechorwa sakafuni na kamera inatazama kutoka juu, ukiangalia namna anavyotambaa utaona uzito wake unaelekea kwenye ukuta, hauelekei barabarani.)

Max anajua kila kitu. Kila hatua aliyochukua ina sababu nzuri, na mtazamaji anakubaliana naye mpaka dakika anapogundua kwamba yuko uchi mbele ya watu. Kwa Guy tatizo ni mzigo. Kwa Max tatizo ni aibu. Kama unapenda kuona mwili ukipambana na kitu, chagua godoro. Kama unapenda kuona mtu mstaarabu akifika pabaya kwa hatua za busara, chagua beseni. Kwa maoni yetu godoro ndilo linaloshinda kwa mada hii, maana ukiondoa aibu kwenye filamu ya Max, beseni lenyewe halina la kusema.

Mume akibaki jikoni

Jozi ya pili inafaa zaidi kwa mjadala wa familia. Les Résultats du féminisme ya Alice Guy (1906) inageuza majukumu: wanaume wanashona, wanapiga pasi na kulea watoto, wanawake wanakaa mkahawani wakinywa na kuvuta sigara. Vive la vie de garçon (Pathé, 1908), ambayo Linder aliigiza kabla umbo la Max halijakamilika, ina mume anayeachwa baada ya ugomvi: mke anarudi kwa mama yake, mume anafurahia uhuru, kisha anakutana na kupika, vyombo na kutandika.

Kwa juu juu zinafanana. Kinachozitenganisha ni kwamba wanaume wa Guy wanafanya kazi za nyumbani vizuri. Hakuna kinachoungua, hakuna kinachovunjika. Mwanamume anashika sindano kwa adabu, anainamisha kichwa, anapokea usumbufu wa mwanamke mkahawani kama kawaida ya dunia. Kichekesho chote kiko katika nafasi ya mtu, si katika mkono usiojua kazi, na ndiyo maana filamu hiyo bado inauma. Mwisho wake wanaume wanaasi na kuuteka mkahawa, na kila mtazamaji hubaki na swali lake kuhusu nani amechekwa. Ya Linder ni kinyume: mkono haujui kabisa. Jiko, sahani na chakula vinamshinda mtu mzima, na mke anaporudi anakuta uharibifu uliotapakaa. Ni filamu ya furaha ya moja kwa moja. Watoto wataielewa bila neno lolote, wakati ile ya Guy inahitaji mtu mzima aliyewahi kugawana kazi na mwenzake.

Ikiwa unapanga kuonyesha moja tu kwa kundi la watu ambao hawajawahi kutazama sinema bubu, onyesha ya Linder. Ikiwa kundi lina nafasi ya kuzungumza baadaye, onyesha ya Guy.

Wanawake wa kazi, na mtoto mmoja mtundu

Mwaka 1911 Pathé ilikuwa na tawi la vichekesho Nice, lililoitwa Comica, chini ya Roméo Bosetti. Nice ilichaguliwa kwa sababu ya jua: filamu za wakati ule zilihitaji mwanga mwingi, na kusini mwa Ufaransa ungeweza kupiga picha hata majira ya baridi. Huko ndiko alikotokea Rosalie, aliyeigizwa na Sarah Duhamel, mwanamke mnene mwenye uso unaocheka wote kwa pamoja. Hana woga na hana haya. Anaingia chumbani na nguvu zake zote na samani zinajibu.

Filamu zake mbili ndizo za kuanzia. Rosalie et son phonographe (1911): analeta gramafoni nyumbani, na muziki unavifanya vitu na watu vicheze bila hiari. Rosalie et ses meubles fidèles (1911): ameshindwa kulipa deni, samani zake zinachukuliwa, kisha zinamrudia zenyewe. Kwa msomaji aliyewahi kuona dalali wa mahakama akibeba kabati la mtu mbele ya majirani, hiyo ya pili haihitaji utangulizi. Samani zinaendeshwa kwa picha moja moja, yaani zinasogezwa kidogo kati ya picha na picha, na kwa nyuzi, na mbinu hiyo inakubalika moyoni kwa sababu Rosalie anazipokea kama watoto waliotoka safari.

Cunégonde ni mwingine kabisa. Aliigizwa na Little Chrysia katika kampuni ndogo ya Lux, kati ya mwaka 1911 na 1913. Yeye ni mtumishi asiyekubali kuwa mtumishi. Filamu ya kumwanzia ni Cunégonde reçoit sa famille (1912): mabwana wanaondoka, yeye anawaita ndugu zake wa shambani, nao wanaitumia nyumba kama yao mpaka haitamaniki, kisha mabwana wanarudi. Tofauti yake na Rosalie iko kwenye lengo. Rosalie anavunja kwa sababu ana nguvu nyingi. Cunégonde anavunja kwa sababu kwa saa chache anataka kukaa kwenye kiti alichokipangusa mwaka mzima. Uigizaji wake ni mkali zaidi usoni, na una hasira ambayo Duhamel hana. Ukilazimika kuchagua mmoja kwa ajili ya mada ya kazi za ndani, chukua Cunégonde. Ukitaka kucheka tu bila kufikiri, Rosalie.

Kabla ya hao wawili ipo filamu fupi ya Guy, Une femme collante (1906), ambayo ni lazima itazamwe pamoja nao. Bibi yuko posta na mtumishi wake, na kazi ya mtumishi ni kutoa ulimi ili bibi alowanishe stempu. Ulimi unajaa gundi, bwana mmoja mwenye masharubu anambusu kwa nguvu, wananatana. Ndani ya dakika chache unaona mwili wa mtumishi ukitumiwa kama kifaa cha ofisi, halafu unaona kifaa hicho kikileta matatizo. Hakuna filamu fupi kuliko hiyo inayoeleza kwa nini wanawake wa kazi walifaa sana vichekesho hivi.

Léontine ni msichana mtundu wa Pathé, 1910 hadi 1912, na jina la mwigizaji wake halijapatikana mpaka leo. Kwa Kiingereza mfululizo wake uliitwa Betty. Yeye si mtumishi bali mtoto wa nyumba, na uharibifu wake hauna kisasi wala bahati mbaya, ni utafiti. Le Bateau de Léontine (1911) ndiyo bora: ana mashua ya kuchezea, mashua inahitaji maji, basi anafungulia maji mpaka nyumba inafurika na majirani wa chini wanapata sehemu yao. Hapa ile habari ya ngazi na ghorofa inalipa. Les Ficelles de Léontine (1910) inatumia kamba tu. Wazazi wanaotazama na watoto wadogo wajue kwamba filamu hizi hazimwadhibu Léontine kila mara, na watoto huzikumbuka kwa muda mrefu.

Gaumont nayo ilikuwa na watoto wake chini ya Louis Feuillade, Bébé kuanzia 1910 na Bout de Zan kuanzia 1912. Ni wazuri, ila wao huiga mambo ya watu wazima zaidi ya kupambana na nyumba, kwa hiyo kwa mada hii wanaweza kusubiri.

Wakati nyumba yenyewe inapokuwa mwigizaji

Kuna tawi la tatu ambalo halina mtu wa kumpenda, bali lina vitu. L'Hôtel électrique ya Segundo de Chomón, Mhispania aliyefanya kazi Pathé, ni ya 1908: wageni wawili, yeye mwenyewe na mkewe Julienne Mathieu, wanafika hotelini ambapo umeme hufanya yote. Mizigo inapanda yenyewe, viatu vinapigwa rangi, nywele zinasukwa, ndevu zinanyolewa. Kisha mlevi anavuruga mitambo, na kila kilichokuwa huduma kinakuwa janga. Le Garde-meubles automatique ya Bosetti (1912) ni fupi zaidi: samani zinahama zenyewe kutoka kwenye gari hadi vyumbani, bila mtu. Angalia jina unapoitafuta, maana mara nyingi huwekwa mtandaoni kama Le Mobilier fidèle ya Émile Cohl (1910), ambayo ni filamu nyingine.

Kwa kulinganisha, ya Chomón ina hadithi na ina hofu: inasema raha ya nyumbani ina mtu aliyeshika swichi. Ya Bosetti haina hofu hata kidogo, ni raha ya jicho tu. Anayependa ufundi wa kupiga picha moja moja atatazama ya Bosetti mara nyingi. Sakafu ikitazamwa vizuri huonyesha kwamba samani hizo ni vifaa vidogo vya kuchezea.

Onésime wa Gaumont, aliyeigizwa na Ernest Bourbon chini ya mwongozaji Jean Durand kuanzia 1912, yuko kati ya makundi haya. Onésime horloger (1912) ni juu ya urithi usioweza kuchukuliwa mpaka miaka ipite. Onésime anaichezea saa kuu ya jiji ili iende mbio, na maisha yote yanakwenda mbio nayo: ndoa, nyumba, mtoto anayekua mbele ya macho. Ni ya nyumbani kwa nusu tu, lakini nusu hiyo haina mpinzani. Ina sharti moja la kiufundi, ambalo tunalieleza sasa.

Yanayoharibu filamu hizi, na dawa yake

Kasi ndiyo adui mkubwa. Filamu ya milimita 35 ina takriban picha 52 kwa kila mita. Filamu ya mita 100 ikiendeshwa kwa picha 16 kwa sekunde inachukua karibu dakika 5 na sekunde 30. Kwa picha 18, karibu dakika 4 na sekunde 50. Kwa picha 24, dakika 3 na sekunde 40. Nakala nyingi za mtandaoni zimenakiliwa kwa 24 bila marekebisho, na ndiyo maana watu hudhani waigizaji wa zamani walitembea kama wanakimbizwa. Jaribio ni hili: tafuta mahali ambapo mtu asiyehusika na kituko anapita barabarani au anakaa kitini. Akitembea kama binadamu, kasi ni sahihi. Akienda mbio, punguza kasi ya kichezeshi hadi 0.75, ambayo inageuza 24 kuwa 18. Kwa filamu nyingi za 1906 hadi 1912 hiyo inatosha. Fundi wa godoro anaumia zaidi kwa kosa hili kuliko yeyote, kwa sababu uzito wa mzigo unapotea mtu akienda mbio. Na katika Onésime horloger kosa hili linaua filamu nzima: utani wake ni tofauti kati ya mwendo wa kawaida na mwendo wa kasi, na kama sehemu ya mwanzo tayari inakimbia, hakuna tofauti ya kuona. Irekebishe kwa kutazama sehemu ya mwanzo tu, kabla ya saa kuchezewa.

La pili ni umbo la picha. Picha ya wakati ule ni pana kidogo tu kuliko urefu wake, nne kwa tatu. Nakala iliyokatwa ijaze televisheni ya kisasa hupoteza miguu au vichwa, na vituko vya nyumbani hutokea sakafuni. Chagua nakala yenye mistari myeusi pembeni. Kamera nayo haisogei sana, kwa hiyo macho yasibaki katikati. Mlango wa pembeni ndio jirani anakotokea. Simu ndogo haitoshi kwa Max prend un bain.

La tatu ni maandishi. Nakala nyingi zilizookoka zilitoka kwa wasambazaji wa nchi nyingine. Mkusanyiko wa Jean Desmet, uliohifadhiwa Eye Filmmuseum huko Amsterdam na kuingizwa kwenye orodha ya Kumbukumbu ya Dunia ya UNESCO mwaka 2011, una vichekesho vingi vya Ufaransa vyenye maandishi ya Kiholanzi. Usiogope. Filamu hizi zina vibao vichache vya maandishi, na kimoja kikitafsiriwa kwa sauti mbele ya watazamaji kinatosha. Katika kumbi za Ufaransa za miaka ya mwanzo alikuwepo pia msimulizi wa kusimama kando ya pazia na kueleza, kazi ambayo watazamaji wa vibanda umiza wanaifahamu vizuri. Ukimweka msimulizi nyumbani, asome vibao na kutaja majina, kisha anyamaze kituko kikianza.

Majina pia hubadilika mpakani, na hilo huwapoteza wengi wanaotafuta. Onésime alikuwa Simple Simon kwa Kiingereza, Rigadin, mhusika wa mwigizaji Charles Prince, alikuwa Whiffles kwa Kiingereza na Moritz kwa Kijerumani, na André Deed, aliyekuwa Boireau wa Pathé tangu 1906, akawa Cretinetti alipohamia kampuni ya Itala ya Turin, Italia, mwaka 1909, kisha Cretinetti huyohuyo akauzwa Ufaransa kwa jina la Gribouille. Tafuta kwa jina la Kifaransa na mwaka.

Kuhusu muziki, nakala za bure mara nyingi zimebandikwa piano ya haraka inayojirudia bila kujali kinachotokea. Ikikuchosha, zima sauti, hakuna kinachopotea. Ila Rosalie et son phonographe na Le Piano irrésistible ya Guy (1907), ambamo majirani wa jengo zima hawawezi kuacha kucheza mpiga piano akianza, zinahitaji muziki unaoanza na kukoma pale kifaa kinapoanza na kukoma. Bila hivyo watu wanarukaruka tu.

Na jambo moja la tahadhari: vichekesho vya enzi hiyo vina waigizaji weupe waliojipaka masizi, na dhihaka kwa watu wa makoloni. Tazama kwanza peke yako kabla ya kuwaonyesha watoto.

Basi uchukue ipi?

Kama una dakika 15 tu, tazama Le Matelas épileptique na Madame a des envies, zote za Guy. Hiyo ya pili ni ya mama mjamzito anayenyakua pipi ya mtoto, kinywaji cha mtu mkahawani, samaki wa masikini na kiko cha mchuuzi, mume akifuata nyuma na gari la mtoto. Guy anasogeza kamera karibu na uso kila anapokula, na sura ile ya ridhaa ndiyo filamu yenyewe.

Kama una jioni nzima na watu wa rika mchanganyiko, anza na Léontine na mashua yake, fuatisha Rosalie na samani, kisha Cunégonde na ndugu zake, na umweke Max na beseni mwishoni. Usiwapange Rosalie na Cunégonde baada ya Max. Mwendo wa Max ni wa taratibu na una adabu. Akitangulia, wanawake wataonekana wana kelele, na wao wakitangulia, yeye anaonekana mpole wa kupendeza.

Kama unataka kununua, toleo la Kino Lorber la mwaka 2022 liitwalo Cinema's First Nasty Women lina diski 4 na filamu 99, na ndilo linalowakusanya Léontine, Rosalie na Cunégonde mahali pamoja kwa kasi iliyorekebishwa. Kwa Alice Guy na Feuillade, Gaumont Treasures juzuu ya kwanza. Kwa Durand na Cohl, juzuu ya pili. Kwa bajeti ya kitu kimoja, nunua la wanawake.

Na kama wewe ni mtu wa filamu ndefu na hizi fupi hazikushibishi, nenda kwa Max wa mwaka 1921, Seven Years Bad Luck, aliyoiongoza Marekani, kama saa moja. Mtumishi wake anavunja kioo kikubwa, na ili bwana asijue, mpishi anayefanana naye anasimamishwa nyuma ya fremu tupu aige kila anachofanya Max anapojiandaa kunyoa. Max anagundua ujanja, anajiandaa kulipiza, na wakati huo kioo kipya kimeshawekwa. Anarusha kiatu. Hapo ndipo Max anafika walipokuwa Rosalie na Cunégonde miaka 10 kabla: chombo kimevunjika, na safari hii mvunjaji ni bwana mwenyewe.